Meza ya Mizani

Ukucha wa Chiriku uligonga meza mara mbili: mtaa. Mama Pacha akabonyeza kitufe cha kulia huku jicho moja amelifumba, na upande wa pili wa ubao uliowatenga akamsikia Sista naye akibonyeza. Sentensi ikaondoka kwenye kioo, nyingine ikaingia. Ukucha ukagonga mara moja: kamusi. Wote wakahamia kitufe cha kushoto. Walikwenda hivyo saa nzima, kama wanawake watatu wanaotwanga kinu kimoja, kila mmoja akijua mchi wa mwenzake uko wapi bila kuangalia.

Kazi yenyewe, ukimsimulia mtu wa nje, atadhani unamtania. Kampuni ilikuwa inaifundisha mashine Kiingereza wanachoongea watu, si kile cha vitabuni. Kila siku zililetwa sentensi kwa maelfu, watu wa mbali huko wakisifiana, wakitukanana, wakitongozana, na katika kila sentensi neno moja la kawaida lilipigiwa mstari. Mfanyakazi aliamua: neno limetumika kama lilivyo kwenye kamusi, au kama linavyosemwa mtaani? Mtu akiandika kwamba chakula cha dada yake ni "fire", jiko limeshika moto au mpishi anasifiwa? Ukijua, bonyeza. Usipojua, bonyeza vilevile, maana sekunde kumi na mbili zikipita sentensi inakwenda zake na doa jekundu linabaki kwenye jina lako.

Ukumbi zamani ulikuwa bohari la magodoro. Madirisha yalipakwa rangi nyeupe ili jua lisipige vioo vya kompyuta, kwa hiyo mle ndani hapakuwa na asubuhi wala alasiri, palikuwa na taa tu. Simu ziliachwa kwenye masanduku mlangoni. Karatasi na kalamu, marufuku. Watu walikaa watatu watatu, meza thelathini, na watatu wa meza moja walipewa sentensi ileile kwa wakati uleule, kila mmoja na ubao ubavuni asimwone jirani. Watatu wakikubaliana, sentensi inapita. Mmoja akitofautiana na wawili, doa ni lake, hata kama wale wawili ni mbumbumbu na anayejua ni yeye. Ukifikisha madoa kumi na matano kwa mwezi, unakabidhi kadi yako na kwenda nyumbani.

Ndipo Chiriku alipobuni kugonga. Jina hilo alipewa kwa sababu ya mdomo wake usiopumzika, na kukaa kimya siku nzima kulikuwa kunamuua. Mwezi wao wa pili kila mmoja alikuwa ameshafikisha madoa kumi na kitu, na Sista, aliyewahi kusomea uuguzi na kuachia njiani, alishaanza kulia chooni. "Asiyejua maana haambiwi maana," Chiriku alisema walipokuwa wananawa mikono. "Anagongewa." Walicheka mpaka wakashikana mabega. Tangu siku hiyo wakapeana zamu za saa moja moja: mwenye zamu ndiye anayesoma na kugonga, wawili wanafuata na kupumzisha macho. Madoa yakakatika kabisa.

Kilichowaponza ni kukubaliana kupita kiasi. Mwezi wa tano Msimamizi aliwaita mbele ya ukumbi mzima, kijana mpole mwenye shati lililonyooshwa vizuri, akawapa cheti chenye fremu. Hakuna meza, alisema, iliyowahi kukubaliana vile. Kuanzia siku hiyo wangeitwa Meza ya Mizani. Sentensi walizopima wao zingechanganywa kimyakimya kwenye kazi za meza nyingine, na atakayejibu tofauti nao angepata doa. Watu wakapiga makofi. Walipokuwa wanashuka ngazi, Sista aliuliza kwa sauti ya chini, "Sasa sisi tukikosea?"

"Sisi hatukosei tena," Chiriku akamjibu. "Hujasikia? Mizani ndiyo inayopima. Umeona wapi mizani inapimwa?"

Mama Pacha alicheka kama mwenzake. Alikuwa na sababu ya kufurahi, masikini. Mume wake alikuwa fundi wa redio katika zama ambazo hakuna anayepeleka redio kwa fundi, na mabinti zake pacha walikuwa darasa la nne, wanakula kama mchwa. Kazi ile ndiyo iliyoishikilia nyumba. Akamtafutia hata mtu mwingine riziki humo humo: Mwalimu.

Mwalimu ndiye aliyemfundisha Kiingereza sekondari. Alipostaafu, na mkewe akafariki mwaka huohuo, alikuwa akishinda barazani akisoma gazeti la juzi. Mama Pacha akamwambia, "Mwalimu, kuna kazi ya maneno. Hii ni yako." Na mzee akaiingia kazi kama mwanafunzi wa kidato cha kwanza. Kamusi alikuwa nayo kichwani tayari. Cha mtaani akaanza kukisomea. Aliwasimamisha wajukuu za majirani na kuwauliza, daftari mkononi, kwa nini mtu aliyenuna anaitwa "salty", yaani mwenye chumvi, na kwa nini aliyecheka sana anaandika kwamba yuko "dead" ilhali ameweza kuandika. Vijana walimcheka, wakamweleza. Akirudi nyumbani anakariri. Ndani ya miezi minne hapakuwa na mtu ukumbini aliyekijua Kiingereza cha watoto wa watu kuliko yule mzee wa miaka sitini na mitatu aliyevaa sweta la mikono mirefu kwa ajili ya kiyoyozi.

Jumatano moja Mwalimu alimsubiri Mama Pacha getini baada ya kazi.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Hujambo? Wanangu hawajambo?"

"Hawajambo. Mbona umesimama juani?"

Akamkabidhi bahasha. Mama Pacha akaisoma barua wakiwa wamesimama kando ya ukuta, watu wakiwapita. Madoa kumi na matano. Mkataba unasitishwa kwa kuwa mfanyakazi, hivi ndivyo ilivyoandikwa, *hana uelewa wa kutosha wa lugha*. Mwalimu alikuwa ameyapigia mstari maneno hayo kwa kalamu nyekundu, mazoea ni kilema.

"Kufukuzwa si hoja," alisema. "Nilishastaafu mara moja, naweza kustaafu mara mbili. Lakini hiyo. Nimefundisha miaka thelathini na mmoja. Nimeambiwa mkali, nimeambiwa bahili wa maksi. Hilo sikuwahi kuambiwa."

"Utakata rufaa?"

"Nimeshaandika. Ijumaa wananisikiliza. Geuza karatasi uone ajabu."

Nyuma ya barua palikuwa na orodha ya sentensi kumi na tano alizokosa, na mbele ya kila moja tarehe na saa ilipopimwa na Meza ya Mizani. Mwalimu alizifuata kwa ukucha wa kidole kidogo. Sentensi zote kumi na tano zilipimwa Jumanne moja, kati ya saa nane na saa tisa mchana. Jibu la zote lilikuwa kamusi.

"Mimi nasema mashine iliharibika saa ile," Mwalimu aliendelea. "Soma hii. Kijana anamsifu mchezaji, anasema ni 'sick' akiwa na mpira. Mgonjwa anapigaje mabao matatu? Wenzangu wengine nao walipata madoa hayohayo, lakini walipoona hivyo wakaanza kubonyeza kamusi ili wapone. Mimi nilishindwa. Najua si kamusi, nitabonyezaje kamusi? Basi nikasema, wewe uko meza ile. Ijumaa njoo useme tu kwamba siku hiyo mashine ilisumbua. Wazipime upya. Sikuombi zaidi ya hilo."

Mama Pacha aliikumbuka Jumanne ile. Usiku wake pacha wote wawili walikuwa na homa, amekesha akiwabadilishia vitambaa vya maji, asubuhi akaja kazini hivyohivyo. Saa nane ikawa zamu yake. Alisoma sentensi mbili tatu, herufi zikawa zinaogelea. Akaegemeza paji la uso kwenye ubao na kuanza kugonga mara moja, mara moja, mara moja, saa nzima, hajui anachogonga. Wenzake wakamfuata kwa uaminifu. Hata alijisifu baadaye kwamba hakusinzia.

"Nitakuja, Mwalimu," alisema. Angesema nini tena?

Kesho yake aliwaeleza wenzake kwenye ngazi, wakati wa mapumziko. Chiriku alichungulia kwanza chini ya ngazi kama kuna anayesikia. Sista akashika tumbo lake. Mimba ilikuwa ya miezi sita na alikuwa bado anaificha kwa magauni mapana.

"Ukisema mashine ilisumbua," Chiriku alisema, "wataifungua saa ile. Watakuta nini? Saa nzima, kitufe kimoja, watu watatu. Mashine gani inaharibika hivyo? Mtoto wa chekechea atajua."

"Kwa hiyo nimwache mzee wa watu afukuzwe kwa kosa langu?"

"Mimi sijasema umwache. Nasema funika kombe mwanaharamu apite. Mwalimu ana nyumba yake. Mama yangu hajanyanyuka kitandani mwaka wa pili huu, na Sista ndiyo huyo, wanakuwa wawili. Leo ukijitoa wewe, unatutoa na sisi. Kucha zetu ni moja."

"Mimi niliuliza," Sista alisema. Hakuwa na hasira. "Siku ya cheti. Niliuliza, tukikosea?"

Kengele ikalia.

Jioni nyumbani mumewe alikuwa ameifungua redio ileile aliyoifungua wiki iliyopita, vipande vimepangwa kwenye gazeti. Mmoja wa pacha alimletea daftari. Walikuwa wamepewa maneno kumi ya Kiingereza waandike maana.

"Mama, nisaidie. Wewe si ndiye unayejua maana?"

"Kaangalie kwenye kamusi!" Alifoka mpaka mtoto akarudi nyuma hatua mbili. Mumewe akainua macho kutoka kwenye redio. Mama Pacha alitaka kumweleza yote, akafungua mdomo, akaona kila atakaloanza nalo linaishia kwenye kazi kuondoka. Akaenda kuchambua mchele ambao alikuwa ameshauchambua.

Ijumaa Mama Pacha na Mwalimu waliitwa ofisini kwa Msimamizi saa nne. Chumba kilikuwa na meza moja, kompyuta moja, viti vitatu. Mwalimu alikuwa amevaa suti, ile ya mahafali, na tai. Alimwangalia Mama Pacha anavyoingia kwa uso wa mzazi aliyefika shuleni siku mtoto wake anapewa zawadi. Mama Pacha aliamkia, akakaa, akaweka mikono mapajani.

"Utaratibu ni mwepesi," Msimamizi alisema, na kweli alikuwa mpole, ndilo lililokuwa baya zaidi. "Mlalamikaji anasema mizani ilikosea. Kwa hiyo mmoja wa mizani atazipima tena hizi sentensi mbele yake. Zikitoka kama zilivyotoka, malalamiko yamekwisha. Akibadilisha hata moja, tutafungua faili la saa ile yote tuangalie kulikoni. Mama, una la kusema kabla hatujaanza?"

Hapo ndipo angesema. Mwalimu aligeuza kichwa kidogo, kumpa nafasi, kama alivyokuwa akifanya darasani kwa mtoto anayejua jibu ila anaona haya. Kichwani Mama Pacha akamwona Sista na magauni yake mapana. Akamwona mtoto anarudi nyuma hatua mbili.

"Sina," alisema.

Sentensi ya kwanza ikaingia. Ilikuwa ile ya mchezaji. Aliisoma, na kumbe kuisoma ni kitu kingine kabisa. Mtu fulani, mahali fulani, alikuwa amefurahi mpaka maneno yakamshinda. Furaha ilikuwa imejaa kwenye sentensi nzima, kipofu angeiona. Midomo yake ilicheza na maneno. Kidole kikabonyeza kamusi. Ya pili: msichana amechekeshwa na rafiki yake, anaandika kwamba yuko "dead". Kamusi. Ya tatu ilikuwa ndefu, akaisoma mara mbili, akarudi mwanzo. Kamusi. Hakuthubutu kuangalia pembeni.

Miaka thelathini na mmoja Mwalimu alikuwa amewatazama watoto wakisoma. Aliwajua waliosoma nyumbani na aliwajua wanaodanganya kwamba wamesoma. Alijua jinsi macho yanavyotembea juu ya maneno yanayoyafahamu, na jinsi yanavyojikwaa kwenye maneno yanayokutana nayo kwa mara ya kwanza. Hakuwa akiangalia kompyuta tena. Alikuwa anamwangalia yeye.

Sentensi ya nne ilipoingia, Mama Pacha alisikia kiti kikisogea.

"Basi," Mwalimu alisema. "Inatosha."

"Bado kumi na mbili, mzee," Msimamizi alisema.

"Nimeziona. Nimesoma tena hapa na nimeona kosa langu. Mizani iko sawa. Naondoa malalamiko yangu." Alichomoa kalamu mfukoni, akauliza pa kusaini, akasaini chini ya mstari ule wa *uelewa wa kutosha*, mwandiko mzuri wa ubaoni. Alipofunga kalamu akamgusa Mama Pacha bega, kidogo tu.

"Umesoma vizuri, mwanangu," alimwambia. "Wasalimie watoto."

Mlango ulipofungwa, Mama Pacha alibaki anatazama sentensi ya nne mpaka ikaondoka yenyewe. Angetukanwa, angeshukuru. Angeitwa mwongo mbele ya watu, angelia na yangekwisha. Yule mzee alikuwa amempa maksi zote na kuondoka na sifuri yake kwenye mfuko wa koti, na sasa hapakuwa na mlango wa kumfuata, maana akimfuata angemfuata kumwambia nini ambacho hajakijua?

Chiriku alimkumbatia kwenye ngazi, akamwambia Mungu atakulipa. Sista hakumkumbatia. Mchana ule zamu ya Mama Pacha ilipofika, alisoma kila sentensi mpaka nukta, na alichelewa sana kugonga hivi kwamba mara tatu sekunde ziliwaishia na wote wakapata doa.

"Umechoka," Msimamizi alimwambia jioni. "Nakuelewa, ile shughuli ya asubuhi si rahisi kwa mtu mwenye heshima zake. Nimefikiria. Jumatatu tunapokea wapya wanane. Tunataka uwafundishe wewe. Na tutatumia zile sentensi kumi na tano, kwa sababu sasa hazina ubishi, hata aliyezilalamikia amekubali. Wakizishika hizo, hawatapata shida."

Alimwambia kama anayempa zawadi, na kwake ilikuwa zawadi kweli.

Jumatatu wale wanane walikuwa wameketi wima, nguo safi, kadi mpya zikining'inia shingoni, wamejawa na ile hofu ya siku ya kwanza inayofanana na adabu. Msimamizi alikaa nyuma, karibu na mlango, akijaza fomu zao. Pembeni, juu ya mbao za kutenganisha, Mama Pacha aliona nywele za Chiriku na kilemba cha Sista. Aliwasalimu wageni. Akawaeleza kitufe cha kushoto ni kamusi, cha kulia ni mtaa, na sekunde ni kumi na mbili. Kisha akawasha sentensi ya kwanza, ikatokea ukutani kubwa kuliko alivyowahi kuiona, na jibu chini yake kwa herufi za kijani: KAMUSI.

Walisoma. Wengine walitikisa kichwa, tayari wanakariri. Msichana mmoja wa mstari wa mbele, mwenye miwani, alikunja uso. Akaangalia jibu, akarudi kwenye sentensi, akaangalia jibu tena. Akainua mkono nusu, akaushusha.

"Sema," Mama Pacha alimwambia.

"Samahani, mama. Labda sijaelewa." Msichana alitabasamu kwa woga. "Mimi naona kama huyu mtu anasifiwa."

Nyuma kalamu ya Msimamizi iliendelea kuparuza karatasi. Mama Pacha aligeuka kuutazama ukuta. Ilikuwa rahisi: jibu lilishaandikwa, angelisoma tu kwa sauti, wangekariri, na saa sita wangekwenda kula. Alijua hata maneno ya kutumia. Alisimama pale muda ambao ungemletea doa mtu yeyote.

"Ni nani mwingine," aliuliza, "anaona hivyo?"

Kijana mmoja wa nyuma akainua mkono, na aliye pembeni yake, na mwingine. Kalamu ikaacha kuparuza.